Kuhusu jina la Marijani

Mwanangu mpenzi,

Barua yako imefika, na mama yako kaisoma kabla yangu kama ilivyo kawaida yake. Unauliza Marijani maana yake nini, kwa kuwa mnatarajia mtoto na ungependa kumpa jina la babu yangu, ila mwenzako kazini kakwambia hilo ni jina la watumwa.

Maana yake ni nyepesi. Marijani ni lile tumbawe jekundu linalotungwa shanga za shingoni, si hili jeupe tunalojengea nyumba hapa Pangani. Limo katika Surat Rahmani, mara pamoja na lulu, mara pamoja na yakuti, na sura hiyo uliihifadhi chuoni.

Lakini naona unachotaka hasa ni kujua kama mwenzako kasema kweli. Kasema kweli. Pwani hii, na Uarabuni, na hata India, watu walionunuliwa walipewa majina ya vito na ya vitu vinukiavyo: Almasi, Feruzi, Johari, Yakuti, Ambari, Kafuri, Rehani. Na bado angalia majina hayo yalifika wapi. Kafuri alinunuliwa akiwa mtumwa, akaja kuitawala Misri mpaka alipofariki mwaka 968. Yakuti mmoja alitumwa huku na huku na bwana wake kwa biashara, akaja kuandika kamusi kubwa ya miji na nchi ambayo wasomi wanaifungua hadi leo. Ambari, Mhabeshi, aliongoza majeshi huko Dekani, nyanda za kusini mwa India, na Wamogoli, wafalme wa kaskazini, hawakumweza mpaka alipokufa mwaka 1626. Na jambo hili kila nikilikumbuka nafurahi: Feruzi asili yake ni neno la Kiajemi lenye maana ya mshindi, na Almasi chimbuko lake ni neno la Kigiriki, yaani asiyeshindika. Bwana akisimama uani kumwita mtu wake aje kubeba mzigo, alikuwa akiita, "Ewe mshindi!" Nimewaambia tangu mko wadogo: jina ni la anayeitwa, si la aliyelitoa.

Ya posa ya mama yako unayajua juu juu tu. Mimi sikuwamo ndani, mposaji haendi mwenyewe. Nilikuwa baraza ya jirani, dirisha liko wazi. Mzee mmoja wa upande wao akamuuliza ami yangu, "Nyinyi ni wa nani?" Ami akajibu, "Sisi ni wana wa Marijani." Nikasikia kikombe cha kahawa kinawekwa kwenye sinia. Yule mzee akasema, "Marijani ni mali, si ukoo."

Hakuna aliyejibu. Ami yangu, msemaji yule uliyemjua, alinyamaza. Ndipo bibi yako mzaa mama akasema kutoka nyuma ya pazia, polepole, kila neno likasikika: "Na Johari wa nyumba hii tuliyemzika, yeye alikuwa nini?" Johari alikuwa mama mzazi wa mzee huyo huyo.

Posa ikakubaliwa. Mzee alikuja harusini, akala pilau, akaniombea dua. Ami hakukanyaga tena nyumba ile mpaka anaingia kaburini. Na mimi nikipita pale hadi leo navuka upande wa pili wa njia.

Kwa hiyo moyo wangu unataka kukwambia: mpe mtoto jina hilo, liitwe kwa sauti mtaa mzima. Halafu usiku nafikiri vingine. Babu aliletwa akiwa mtoto kutoka pande za Nyasa, na kwao aliitwa kitu kingine. Utumwa ulipopigwa marufuku Tanganyika mwaka 1922 alikuwa mtu mzima mwenye watoto, angeweza kulirudia jina lake, hakulirudia. Alilisahau, au alilificha? Baba hakuthubutu kumuuliza. Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyewaongoza wasafiri wa Kizungu mpaka maziwa makuu, vitabu vimejaa habari zake, na jina alilopewa na mama yake halimo hata kimoja. Nikilishika Marijani kwa nguvu, je, si namsaidia aliyelifuta lile la kwanza? Lakini huyo aliyelipata ndiye aliyechimba kisima chetu, akapanda minazi, akamsomesha baba yangu, na yote hayo aliyafanya akiitikia Marijani. Jina ni la anayeitwa. Hapo narudi palepale.

Ukiniuliza tena nitasema, kwa hiyo usiniulize tena. Mtoto ni wenu, na mkwe wangu naye ana wazee wake wa kutajwa. Akijifungua nipigie simu hata kama ni usiku wa manane, na jina mlilochagua nitajie kabla hujanitajia uzito wa mtoto.

Baba yako