Unataka kuitwa kwenye filamu za reli? Ijue injini moja kwanza

Wiki iliyopita kijana mmoja wa Voi aliniandikia baada ya kuniona kwenye filamu kuhusu uhifadhi wa reli ya zamani. "Shikamoo mzee, na mimi naipenda sana reli. Nifanyeje ili na mimi waniite?" Nimeona nimjibu hapa, maana najua hayuko peke yake.

Chagua mashine moja uijue mpaka tumboni mwake. Yangu ni 5918, Mount Gelai, iliyoko Makumbusho ya Reli, Nairobi. Marehemu baba alikuwa fayaman, yaani mtunza moto wa boila, wa Garratt hizi, injini za mvuke za daraja la 59, nami nimekua nikizisikia mezani kila jioni. Zilitengenezwa 34 na Beyer, Peacock wa Manchester, mwaka 1955 na 1956, zikapewa majina ya milima ya Afrika Mashariki. Moja ina uzito wa tani 252, na kwenye reli za upana wa mita moja, duniani kote, hazikuwa na mpinzani kwa nguvu.

Watu wa kamera hupenda tarakimu hizo, lakini usiishie hapo. Waonyeshe jinsi boila ilivyobebwa katikati ya seti mbili za magurudumu, kila seti ikigeuka kivyake. Ndiyo maana jitu lile liliweza kupinda kona za mlimani. Waeleze pia kwa nini injini ya Nairobi ina jina la mlima wa Tanzania, ule wa karibu na Ziwa Natron: shirika la reli lilikuwa moja kwa nchi tatu, hadi Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977. Ukiyasema hayo mkono wako ukiwa juu ya chuma chenyewe, si rahisi kukukata.

Mimi nimekatwa, ndugu zangu. Kuna kundi la wageni nililoshinda nalo juani kutwa nzima, na maswali yao yote yalikuwa ya simba wa Tsavo, wale waliokula wajenzi wa reli ya kutoka Mombasa. Nikawaambia simba wale wawili waliuawa Desemba 1898 na leo wamo Field Museum, Chicago. Anayewataka akawatazame huko. Hapa tuzungumze watu. Vibarua zaidi ya 30,000 waliletwa kutoka India kujenga reli hii, na takriban 2,500 wakafia kazini, wengi kwa maradhi. Filamu ilipotoka, mtangazaji wao ndiye aliyekuwa akiieleza injini, kwa maneno yaleyale niliyomfundisha asubuhi. Mimi nilionekana nikipita nyuma yake, bila jina. Linaniuma mpaka leo.

Tangu hapo nina masharti. Nataka maswali mapema, nataka jina langu liandikwe, na kazi ya baba itajwe. Hawa wa juzi walikubali yote, na kipande cha filamu ninapoeleza boila wamekiacha kizima. Wazee wa karakana wamenipigia simu, mmoja sauti ikimkatika kwa kilio. Hiyo kwangu inapita malipo yoyote.

Vijana, mnapanda juu ya injini mnapiga picha, mnarusha mtandaoni, na hamjui imetoka kiwanda gani wala nani aliilisha mafuta usiku kucha kutoka Mombasa. Wanaojua wanazikwa kila mwaka. Kaeni nao. Waulizeni, mwandike, mrudi tena mwulize. Kamera itakukuta ukiwa tayari umeiva, nawe hutahitaji kuibembeleza.

Na wewe wa Voi, acha kuitamani injini yangu. Hapo kwenu ndipo inapochepuka reli ya Taveta, iliyojengwa kwa haraka katika Vita Kuu ya Kwanza ili kuwapeleka askari wa Waingereza kupigana na Wajerumani, mpaka ikaungana na reli ya Tanga pale Kahe mwaka 1916. Ifuate kwa miguu. Tafuta wazee wa Bura, Maktau na Mbuyuni waliowahi kuisafiria, rekodi sauti zao kwenye simu, andika stesheni moja baada ya nyingine. Ukimaliza nitumie. Mtu wa filamu akinipigia kuuliza habari za reli ya vita, nitampa namba yako.