Mstari Ambao Mzee Hauoni Baharini

*SWALI: Shikamoo mama. Baba yangu ni nahodha, amevua kwa dau tangu ujana wake. Mwezi uliopita kijana mmoja alikuja na semina kijijini, akatuonyesha kwenye kompyuta ramani ya joto la bahari yetu. Kaskazini ilikuwa nyekundu, ukafuata mkanda wa njano kali, kisha kijani, hadi bluu upande wa kusini. Baba akauliza ule mkanda wa njano uko usawa wa wapi. Alipoonyeshwa akasema, "Hapo napita kila siku, hakuna kitu." Watu wakacheka, wakaona mzee haelewi sayansi. Mimi sikucheka, ila sikuwa na la kusema. Nani yuko sahihi, baba au kompyuta?*
*Msomaji, Kilindoni, Mafia*

Marahaba, mwanangu. Mpe mzee salamu zangu, na umwambie yuko sahihi. Kompyuta nayo haikukosea namba zake. Kosa liko kwenye rangi, na mara nyingi hizo rangi hakuna mtu aliyekaa akazichagua. Zimekuja na programu.

Hii ndiyo kazi yangu: napokea namba za bahari, nazigeuza picha. Kwa hiyo nivumilie nikueleze taratibu, maana barua yako imenigusa.

Setilaiti kama Aqua, iliyorushwa mwaka 2002, hupita kama kilomita 700 juu yetu. Inapopima joto la bahari haitazami rangi ya maji hata kidogo. Inapokea mionzi ya joto inayotoka kwenye ngozi ya maji, yaani tabaka la juu kabisa lisilofika unene wa milimita moja, na kila kipande cha bahari cha kama kilomita moja kwa moja kinapata namba yake. Penye wingu zito hakuna namba, ni pengo. Ukifungua faili unakuta safu kwa safu: 27.4, 27.4, 27.5, 27.6, 27.6, mpaka macho yachoke. Nani atasoma namba laki moja akaona mkondo unapopinda? Hakuna. Ndiyo maana tunazipaka rangi, jicho lione kwa mara moja kile ambacho kichwa kingekisaka mwezi mzima.

Sasa, kwa miaka mingi programu nyingi zilipaka rangi za upinde wa mvua: bluu, kijani, njano, nyekundu. Zinapendeza. Lakini jicho halizioni zikibadilika kwa mwendo mmoja. Kijani huendelea muda mrefu jicho lisione tofauti, halafu ghafla njano inawaka, halafu ghafla tena nyekundu. Namba zinapanda polepole kama mchanga wa ufukweni, rangi zinapanda kwa kuruka kama ngazi. Pale baba yako alipoonyeshwa mkanda, huenda maji yalitoka nyuzi 27.5 kwenda 27.6 tu. Sehemu ya kumi ya nyuzi! Mkono wa nani utaihisi hiyo? Mstari ule haukuwa baharini, ulikuwa kwenye rangi.

Jaribu hili mwenyewe. Piga picha ramani ya namna hiyo kwa simu, kisha ondoa rangi ibaki nyeusi na nyeupe. Utaona bluu iliyokoza na nyekundu iliyokoza, yaani baridi kuliko yote na joto kuliko yote, zimekuwa kijivu kilekile cha giza, huwezi kuzitofautisha. Na katikati, pale palipokuwa njano, pana utepe mweupe unaong'aa kana kwamba ndipo penye jambo. Mimi hufanya hivyo kwa kila ramani kabla haijatoka mezani kwangu.

Nilijifunza kwa uchungu. Mwaka 2016, maji yalipopata joto na matumbawe yakapauka katika pwani yetu, niliandaa ramani kwa ajili ya mkutano wa vijiji viwili. Nilikuwa na haraka, nikaacha rangi za programu kama zilivyo. Kijiji kimoja kikaangukia kwenye nyekundu, jirani yake kwenye njano. Mama mmoja mkulima wa mwani akasimama, akauliza kama ang'oe vigingi vyake ahamie upande wa pili. Usiku nilirudi kwenye namba nikakuta tofauti ya nyuzi 0.2. Kwa nyuzi 0.2 alikuwa tayari kung'oa shamba zima, kamba na vigingi, kazi ya mgongo wake mwenyewe. Asubuhi maji yalipokupwa nilimfuata shambani, nimesimama kwenye maji ya magoti, nikamweleza na kumwomba radhi. Tangu siku hiyo siachi programu inichagulie rangi.

Na wala si jambo la bahari peke yake. Mwaka 2011 Michelle Borkin na wenzake huko Harvard walichapisha jaribio la picha za mishipa ya moyo, ambamo inatakiwa kutafutwa sehemu za ukuta wa mshipa zilizo hatarini kuziba. Kwenye picha bapa zenye rangi za upinde wa mvua, waliotazama walizipata sehemu hizo kwa asilimia 62. Mchoro huohuo ulipopakwa kwa mpango wa weusi na wekundu, wakazipata kwa asilimia 91. Mishipa ni ileile, namba ni zilezile. Nikifikiri juu ya mgonjwa aliye nyuma ya picha ile, siwezi kusema rangi ni urembo.

Dawa ipo na ni ya bure. Stéfan van der Walt, Nathaniel Smith na Eric Firing walibuni mpango wa rangi uitwao viridis, unaoanza na zambarau ya giza, ukapita bluu na kijani, ukaishia njano angavu. Mwanga wake unapanda sawasawa na namba, bila kuruka. Ukiichapisha nyeusi na nyeupe bado inasomeka, na asiyetofautisha nyekundu na kijani naye anaisoma (ninaye mwenzangu kazini wa aina hiyo, na kwa miaka mingi alikuwa akinyamaza tu tukionyeshana ramani). Matplotlib, programu ninayotumia, iliufanya kuwa mpango wake wa kawaida kuanzia toleo la 2.0, mwaka 2017.

Ila ramani zote si za namna moja. Wanaolinda matumbawe hawaulizi tu maji yana joto gani, wanauliza yamezidi kwa kiasi gani joto la kawaida la mwezi wenye joto kuliko yote. Yakizidi kwa nyuzi 1 na hali hiyo ikadumu kwa majuma, matumbawe yanaelekea kupauka. Hapo rangi lazima ziwe na katikati: nyeupe penye kawaida, wekundu unaokolea upande wa kuzidi, bluu upande wa kupungua. Na weupe huo ukae palepale penye kawaida, usisogezwe ili ramani itishe zaidi.

Kijana akirudi, mwombe kwa upole aonyeshe ufunguo wa ramani: rangi inaanzia namba ngapi, inaishia ngapi? Kama ni kutoka 27 hadi 28, basi bahari nzima ile ina tofauti ya nyuzi moja. Kisha mketishe na mzee. Setilaiti inajua ngozi ya maji, nahodha anajua maji yanakoshuka nyavu zake, na hiyo ni bahari nyingine kabisa. Wafunge kipimajoto kwenye kamba, wakitumbukize pamoja, waandike namba.

*SWALI: Ile picha ya shimo jeusi yenye pete ya rangi ya chungwa, ni picha kweli au wamechora?*
*Mwanafunzi, Morogoro*

Ni vipimo vya kweli, mwanangu, ila rangi ya chungwa waliichagua watu. Ilitolewa tarehe 10 Aprili 2019. Mtandao wa darubini nane ulipokea mawimbi ya redio ya milimita 1.3 kutoka katikati ya galaksi ya M87, lilipo shimo hilo, umbali wa miaka ya nuru kama milioni 55. Mawimbi hayo hayana rangi kwa jicho la binadamu, kwa hiyo rangi pale inaonyesha tu wapi yamefika kwa nguvu zaidi. Data ilikuwa nyingi mno kupita kwenye intaneti, ikasafirishwa kwa ndege ndani ya diski. Diski za Ncha ya Kusini zilisubiri kwa miezi hadi majira ya baridi yaishe huko, ndipo ndege ikaweza kuzichukua.

*SWALI: Nataka kujaribu mwenyewe nyumbani. Nianze na programu gani?*
*Msomaji, Tanga*

Anza na Panoply ya NASA, ni bure na haihitaji kuandika msimbo. Pakua faili moja la joto la bahari, lifungue, kisha badilisha rangi mara tano uone bahari ileile inavyogeuka sura tano.