Jibu: kwa nini −3 − (−7) ni 4

Habari dada. Umesema mwanao anapata −10 kwenye −3 − (−7), na kitabu kinasema 4. Daftari lake sijaliona, ila kagua kwanza zile alama mbili zinazofuatana. Nadhani ameruka moja. Kutoa hasi ni kujumlisha, kwa hiyo aandike upya: −3 + 7. Akibisha, muulize: mwenye duka akikufutia deni la shilingi 7,000, umepata au umepoteza?

Kisha achore mstari wa namba, aweke kidole kwenye −3, asogee kulia hatua 7: −2, −1, 0, 1, 2, 3, 4. Hatua ya kwanza ni −2, si −3! Wanafunzi wangu wengi huteleza hapo. Ila −3 − 7 ni −10 kweli, kwa sababu hapo anatoa 7 chanya; asichanganye na kanuni ya kuzidisha, ile ya hasi mara hasi ni chanya.