Gesi ya Friji Haiishi: Ikipungua, Imevuja

Msomaji anayejifunza ufundi wa friji ametuandikia akiuliza: friji ya nyumbani iongezwe gesi kila baada ya muda gani? Jibu ni kamwe. Gesi ya friji haiungui, haichakai wala hailiwi na kompresa, yaani pampu inayoisukuma. Inazunguka ndani ya mabomba yaliyofungwa. Huku inachemka na kuvuta joto, kule inakandamizwa na kulitupa nje, na friji nzima inaweza kuzeeka kabla gesi yake haijaguswa. Ikipungua, kuna mahali panavuja. Anayeongeza gesi bila kutafuta panapovuja ameuza gesi tu, na mteja atarudi.

Tena mara nyingi gesi haina kosa lolote. Bana karatasi mlangoni. Ukiivuta ikatoka kirahisi, mpira umelegea na hewa ya joto inaingia hapo. Futa vumbi kwenye kondensa, mabomba yanayotupa joto nje. Sogeza friji sentimita tano hadi kumi kutoka ukutani. Acha kipimajoto usiku kucha ndani ya glasi ya maji iliyowekwa katikati ya friji: ukikuta nyuzi 4 za Selsiasi, iko sawa.

Hapo ndipo uyageukie mabomba, na yenyewe yanasema. Barafu ikishika mwanzo tu wa evapureta, mabomba ya ndani yanayovuta joto, na kwingine kukabaki kukavu, gesi ni pungufu. Friji ikipoza, ikaacha, kisha ikapoza tena baada ya kuzimwa kwa saa chache, kuna unyevu ndani: tone la maji linaganda kwenye mdomo wa kapilari, kile kibomba chembamba kinachobana gesi kabla ya evapureta, na kuziba njia, likiyeyuka njia inafunguka, kisha linaganda upya. Ukizima kompresa usisikie mlio wa gesi ikipita kwenda kwenye evapureta, huenda kapilari imeziba kwa uchafu. Tundu lake ni jembamba kuliko milimita moja, kwa hiyo kitaka kidogo cha kulehemu kinatosha. Na kompresa ikiwa ya moto huku kondensa ikiwa baridi, ama gesi imekwisha kuvuja yote au vali za kompresa zimechoka. Dalili hizo nne zina tiba tofauti. Wapo mafundi wanaozitibu zote kwa chupa ileile ya gesi, na wanaivunjia heshima kazi yetu sote.

Soma kibandiko cha friji kabla ya kushika geji ya kupimia presha. Kimeandika aina ya gesi na uzito wake kwa gramu, na aina hiyo ndiyo inayoamua karibu kila utakachofanya baadaye. Mzunguko wenyewe ni wa kale. Oliver Evans wa Marekani aliueleza kwa maandishi mwaka 1805 bila kuunda mashine. Jacob Perkins akapata hataza yake London mwaka 1834, akitumia etha. Kompresa, kondensa, njia ya kubana na evapureta havijabadilisha mpangilio tangu wakati huo. Gesi ndiyo iliyobadilika, na kila gesi ilikuja na hatari yake.

Etha ililipuka. Carl von Linde wa Ujerumani aliimarisha mashine za amonia miaka ya 1870, na amonia ingali inatumika viwandani, lakini ni sumu. Friji za kwanza za nyumbani zilijazwa sulfa dioksidi au kloridi ya methili, na zilipovuja ziliua watu vyumbani mwao. Vifo hivyo ndivyo vilivyowasukuma Albert Einstein na Leo Szilard kubuni friji isiyo na kompresa ya kawaida, wakapata hataza ya Marekani mwaka 1930. Wakati huohuo Thomas Midgley na wenzake walikuwa wameleta gesi ya R12, isiyowaka wala kuwa sumu, nayo ikatawala. Mwaka 1974 Mario Molina na Sherwood Rowland walionyesha kwamba gesi za jamii hiyo zinaharibu tabaka la ozoni. Mkataba wa Montreal ukafuata mwaka 1987. Gesi ya R134a ikashika nafasi ya R12. Ozoni ilisalimika nayo, ila inaongeza joto duniani kwa zaidi ya mara elfu moja kuliko uzito uleule wa kaboni dioksidi, ndiyo maana Marekebisho ya Kigali ya mwaka 2016 yanaipunguza pamoja na jamii yake. Friji nyingi mpya sasa zina R600a, yaani isobutani, na isobutani inawaka.

Kwa hiyo usishike moto kwenye friji ya R600a yenye gesi. Kata bomba kwa kikataio, toa gesi mahali penye hewa nyingi mbali na cheche, kisha pitisha nitrojeni kabla ya kulehemu. Isobutani ni nzito kuliko hewa, inatuama sakafuni, na hii ya friji haina harufu ya kukuonya. Upande wa kufyonza wa friji hizi hufanya kazi chini ya presha ya hewa ya kawaida, kwa hiyo tundu la upande huo, kompresa ikiwa inazunguka, huvuta hewa na unyevu ndani. Pima uvujaji kompresa ikiwa imezimwa, kwa nitrojeni na povu la sabuni. Usitumie oksijeni: ikikutana na mafuta ya kompresa inalipuka.

R134a nayo ina lake. Haichanganyiki na mafuta ya madini yaliyotumika na R12, na mafuta yake ya polyol esta hunyonya unyevu wa hewa upesi. Ukishatoa vizibo vya kompresa mpya, usiiache wazi zaidi ya dakika 15. Gesi yake ivutwe kwenye mtungi, isiachiwe hewani.

Kila unapofungua mfumo, badilisha chujio, upande wake unaoungana na kapilari ukiangalia chini. Kapilari ikwaruzwe kwa tupa kisha ivunjwe, kwa kuwa kikataio huikandamiza. Halafu vakyumu, yaani kuvuta hewa na unyevu wote nje kwa pampu, ambayo wengi huikatisha kwa haraka. Ivute hadi mikroni 500, kipimo cha presha ndogo sana. Kwenye presha hiyo maji hayawezi kubaki kimiminika hata kwenye joto la chumba, yanageuka mvuke na kutoka. Funga vali, subiri dakika 10. Sindano ya geji ikipanda kisha ikatulia, unyevu umebaki. Ikipanda bila kukoma, panavuja.

Jaza kwa mizani inayosoma gramu, kamwe si kwa kuangalia geji tu. R600a huhitaji chini ya nusu ya uzito wa R134a, na kwenye friji inayobeba gramu 50, kosa la gramu 5 ni asilimia kumi. Bomba la kufyonza likishika barafu hadi kwenye kompresa, umezidisha: toa yote, vuta vakyumu tena, pima upya.