Kijana aende Kenya kubeba mfuko wa gofu? Aende, ila hela ya wiki ipangwe kwanza

Asalaam aleikum. Ndugu yangu, umeuliza kama kijana wako, anayewabebea wachezaji gofu mifuko ya fimbo kwenye yale mashimo 9 ya Mangapwani, hapa Unguja, amfuate proo (mchezaji wa kulipwa) mmoja wa bara anayetaka kuzunguka naye msimu mzima Kenya. Mimi nilikwenda. Nilibeba msimu mmoja tu, nikarudi na goti bovu na deni dogo Darajani, na bado nasema mwache aende. Lakini kabla hajapanda boti, hela ya wiki itajwe, tena kwa namba.

Maana atakachoahidiwa ni asilimia. Kwenye ziara kubwa za Ulaya na Marekani, desturi ni kedi, yaani mbeba mfuko, kupata kama asilimia 5 ya anachovuna mchezaji, 10 akishinda, na hiyo ni juu ya malipo yake ya kila wiki. Huku kwetu asilimia inatajwa kwa sauti, ya wiki inanyamaziwa. Mashindano ya siku nne yana mchujo baada ya mbili, na asiyepita haambulii senti. Asilimia 10 ya sifuri utainunulia nini? Mchezaji wangu alipita mara mbili katika mashindano saba. Yale matano ilikuwa kufunga mizigo mapema na kutafuta basi.

Wala kijana asimwonee gere proo mwenyewe. Safari Tour, ule msururu wa mashindano ya gofu Kenya, ilianza 2017 ili maproo wa ukanda huu wapate mashindano ya kweli, na wanaofanya vizuri humo wapate nafasi kwenye Kenya Open, shindano kubwa la gofu la Kenya linalochezwa tangu 1967. Kila mmoja anakimbilia nafasi hiyo. Mkate wa kila siku wengi wanautoa kwenye kufundisha wanachama wa klabu zao, na wiki ya mashindano ni wiki isiyo na mwanafunzi. Wangu alijilipia kiingilio, nauli, chumba. Nairobi tulilala chumba kimoja, yeye kitandani, mimi godoro chini, chapati na maharage asubuhi na jioni.

Kazi yenyewe inategemea uko wapi. Pwani nilikuwa mfalme. Vipingo, kule Kilifi, maproo wa Nairobi walikuwa wanarusha vijani hewani kutazama upepo. Mimi nilitazama makuti. Ukikulia kwa wavuvi, upepo wa kusi haukuchanganyi. Shimo moja fupi alishika fimbo ya chuma namba 8, nikamwambia chukua 6, inayopeleka mpira mbali zaidi, akanitazama kama nimerukwa na akili. Alichukua. Mpira ulianguka katikati ya grini, ule uwanja wa nyasi fupi wenye shimo. Tulipopanda bara ufalme wangu ukaisha. Nairobi iko juu zaidi ya mita 1,600, hewa nyepesi, mpira unaenda mbali kuliko macho ya mtu wa Unguja yanavyokisia, na zile nyasi za kikuyu zinashika fimbo kama mkono wa mtu. Wiki ya kwanza kila umbali niliomtajia ulikuwa na kasoro.

Sasa nikueleze kosa langu, kwa sababu hilo ndilo kijana anapaswa kulijua.

Asubuhi moja alikuwa mazoezini anajaribu weji mbili, fimbo za mikwaju mifupi, yake ya zamani na mpya ya kuazima. Manyunyu yakaanza, tukaitwa, mimi nikazoa zote, nikafunika mfuko kwa taulo. Sheria ni fimbo zisizidi 14 mfukoni. Shimo la tano nachomoa chuma, naona vichwa viwili vya weji vimekaa kama mapacha. Nikahesabu mara tatu, nikitaraji Mungu atapunguza moja. Kumi na tano.

Nilimwambia hapohapo. Kwenye gofu mwenye mikwaju michache ndiye mshindi, na adhabu ni kuongezewa mikwaju 2 kwa kila shimo mlilocheza na fimbo ya ziada, mwisho 4, kwa hiyo yetu ilikuwa imeshajaa. Hakufoka. Alimwita mwenzake aliyekuwa anamwandikia kadi, akamweleza, akaichukua ile weji ya kuazima na kuichomeka mfukoni kichwa chini, ndiyo alama kwamba haitumiki tena. Mashimo yote yaliyobaki mpini wake ulikuwa unanitazama. Tulikosa mchujo kwa mikwaju 3.

Jioni mzee mmoja wa klabu akanifariji na habari ya Ian Woosnam, yule aliyeshinda Kenya Open 1986. Mwaka 2001, siku ya mwisho ya Open ya Uingereza, alianza akiwa sawa na vinara wengine, kumbe kedi wake ameacha draiva (fimbo ya mkwaju mrefu) ya pili mfukoni, fimbo ya 15. Akaongezewa mikwaju 2. Haikunifariji sana, Woosnam alimaliza nafasi ya tatu kwa kufungana na wengine, akalipwa. Sisi tulidaiwa chumba.

Kwa hiyo kijana akae na huyo proo waandikiane, hata kwenye ujumbe wa simu: kwa wiki kiasi gani, nauli ya kurudi nani anatoa, chakula je, asilimia baadaye. Akikataa kuandika, abaki Mangapwani. Pasi ya kusafiria aishughulikie mapema, na viatu avivalie nyumbani mwezi mzima, kwani mashimo 18 na mfuko begani ni zaidi ya kilomita nane.

Na ahesabu fimbo kabla ya mkwaju wa kwanza. Mimi mpaka leo nikimbebea mtalii nahesabu, hata akija na sita za kukodi.