Maswali na majibu: Sciaenidae, samaki wa ngoma wenye jina la kivuli

Niliwahi kuandika hapa mistari michache kuhusu samaki wanaotoa sauti, nikalitaja jina Sciaenidae, jina la kisayansi la familia moja ya samaki hao, na kupita. Wasomaji hawakupita. Haya ndiyo maswali yaliyojirudia zaidi.

Kila ninapotafuta Sciaenidae naambiwa ni "samaki wa ngoma". Hiyo ngoma iko wapi ndani ya neno lenyewe?

Haimo. Kilichomo ni kivuli. Kwa Kigiriki cha kale *skia* ni kivuli, na palikuwa na samaki wa baharini aliyeitwa *skiaina*. Warumi nao walikuwa na samaki waliyemwita kwa neno lao la kivuli, *umbra*. Varro, mwanazuoni wa Kirumi aliyechunguza asili ya maneno, aliliweka jina hilo miongoni mwa majina ya samaki yaliyotokana na rangi. Ukimwona samaki anayelibeba leo utamwelewa Varro: ana mwili wa kahawia iliyokolea, wenye mng'ao wa shaba mwanga unapompata ubavuni, na anapenda kukaa kwenye mapango na mianya ya miamba katika Bahari ya Mediterania.

Mwaka 1758 Carl Linnaeus, mwanasayansi wa Uswidi aliyeweka msingi wa majina ya kisayansi ya viumbe, alilifanya neno hilo kuwa jina la jenasi, *Sciaena*, na samaki huyo akaitwa *Sciaena umbra*. Changanya Kigiriki na Kilatini, unapata kivuli mara mbili. Kisha Georges Cuvier, mtaalamu wa wanyama wa Ufaransa, akaipa familia nzima jina mwaka 1829. Kile kiishio *-idae* ndicho kinachobeba familia zote za wanyama: jamii ya paka ni Felidae, jamii ya mbwa ni Canidae. Kwa hiyo Sciaenidae ni "ukoo wa *Sciaena*", ukoo mzima ukiitwa kwa jina la mwanafamilia mmoja. Leo una spishi zinazokaribia 300, wengi wao wa baharini karibu na pwani na kwenye midomo ya mito, wachache wa maji baridi.

Ngoma ni jina la wavuvi, waliokuwa wakiwasikia samaki hawa chini ya chombo. Ndiyo maana majina hayo mawili hayafanani hata kidogo, na yote mawili yanasema kweli.

Nikivua mmoja, naweza kusema "nimevua Sciaenidae"? Na niseme Sciaenidae "ina" au "wana"?

Swali la pili limenifurahisha, maana linatusumbua wengi tunaoandika sayansi kwa Kiswahili.

Tuanze na la kwanza. Hapana, usiseme hivyo. Sciaenidae ni jina la kundi, na kundi halinasi kwenye ndoana. Sema "nimevua samaki wa familia ya Sciaenidae", na ukimjua zaidi taja spishi yake. Kosa hili linaonekana dogo, lakini nimesoma taarifa za uvuvi zilizoandika "Sciaenidae" kwenye kila mstari wa jedwali kana kwamba ni samaki mmoja, na hapo hujui kilichovuliwa ni kipi. Ndani ya familia hii wamo wadogo wa kukaa kiganjani, na yumo *Totoaba macdonaldi* anayefikia urefu wa mita 2.

Kuhusu upatanisho, ninavyofanya mimi ni hivi: nikizungumzia kundi, nafuata ngeli ya neno "familia" na kuandika "Sciaenidae ina spishi nyingi". Nikizungumzia samaki wenyewe, naweka neno samaki mbele ili kitenzi kipate bwana wake: "samaki wa Sciaenidae wanataga". "Sciaenidae wanataga" inaeleweka, lakini inayumba. Kwa Kilatini neno hili tayari liko katika wingi, basi usiliongezee alama yoyote ya wingi.

Nimeona samaki mmoja ameandikwa *Perca ocellata* kwenye kitabu cha zamani, na kwingine *Sciaenops ocellatus*. Ni wawili? Na kwa nini jina la Linnaeus linawekwa kwenye mabano?

Ni mmoja, na hadithi yake inafundisha karibu kila kitu kuhusu kuandika majina haya.

Linnaeus alimpa jina *Perca ocellata* mwaka 1766. Wakati ule *Perca* ilikuwa kapu kubwa, samaki wengi wakitupwa humo. Baadaye ikaonekana kwamba huyu anafanana zaidi na akina *Sciaena*, akahamishiwa jenasi ya *Sciaenops*, jina linalomaanisha "mwenye sura ya *Sciaena*". Anapohama namna hiyo, jina la aliyemtaja kwanza huingia kwenye mabano: *Sciaenops ocellatus* (Linnaeus, 1766). Mabano yanakuambia kitu kimoja tu, kwamba samaki hakai tena kwenye jenasi aliyowekwa mwanzo. Kwa *Sciaena umbra* Linnaeus, 1758, hakuna mabano, maana hajahama.

Sasa tazama mwisho wa neno la pili: *ocellata* imekuwa *ocellatus*. Mzungumzaji wa Kiswahili hana haja ya kushangaa. Tunasema "mti mkubwa" na "kiti kikubwa". Kivumishi kinafuata ngeli ya nomino. Kilatini nacho kina jinsia za nomino, *Perca* ni ya kike na *Sciaenops* ni ya kiume, basi kivumishi kikabadilika. Maana imebaki ileile: "mwenye alama ya jicho", kwa sababu ya doa jeusi lililo karibu na mkia wake.

Kuhusu maandishi: jenasi na spishi huandikwa kwa herufi za mlazo, jenasi ikianza na herufi kubwa na spishi kwa herufi ndogo. Jina la familia, Sciaenidae, huanza na herufi kubwa lakini halilazwi.

Linatamkwaje?

Si-E-ni-de, na mkazo ukae kwenye hiyo "e" ya kwanza. Ulimi wa Kiswahili utataka kuuvuta mkazo hadi "ni", silabi ya pili kutoka mwisho, kwa mazoea yetu. Wazungumzaji wa Kiingereza huanza na "sai", wanaofuata Kilatini cha kale huanza na "ski". Ukieleweka, inatosha.

Je, wote wanapiga ngoma? Wanapigaje bila mikono?

Wanapiga kwa bondo, yaani kile kifuko cha hewa kilicho juu ya utumbo, chini ya uti wa mgongo, kinachomsaidia samaki kuelea. Mpasue samaki dume wa familia hii taratibu, uondoe utumbo, kisha angalia ukuta wa tumbo kando ya bondo. Utaona utepe wa nyama nyekundu, tofauti kabisa na minofu myeupe inayouzunguka. Hiyo ndiyo misuli ya sauti. Inakaza na kulegea kwa kasi kubwa sana, ni miongoni mwa misuli yenye kasi zaidi kwa wanyama wenye uti wa mgongo, na kila inapokaza bondo linatikisika na kuvuma. Kifuko ndicho ngozi, misuli ndiyo mkono. Mara ya kwanza nilipouona utepe huo nilisahau kabisa kwamba nilikuwa natayarisha samaki.

Lakini si wote. Kwa spishi nyingi ni madume tu wenye misuli hiyo, ingawa kwa *Micropogonias undulatus* jike naye anayo. *Cynoscion regalis* ni wa ajabu zaidi: misuli ya dume hunenepa msimu wa kuzaliana ukifika, kisha hupungua. Na jenasi ya *Menticirrhus* hupoteza bondo ikikomaa, kwa hiyo ndani ya familia ya ngoma wamo wasio na ngoma. Kumbuka hili kabla hujaandika kwamba "Sciaenidae ni samaki wanaopiga ngoma". Andika "wengi wao".

Wanapokusanyika, kelele yao si ya kupuuzwa. Katika delta ya mto Colorado, kaskazini kabisa mwa Ghuba ya California nchini Mexico, samaki wa *Cynoscion othonopterus* hufurika kutaga, na mvumo wao husikika kupitia mbao za mashua. Utafiti uliochapishwa mwaka 2017 ulionyesha kwamba kelele hiyo ni kali kiasi cha kuweza kudhuru masikio ya mamalia wa baharini.

Basi samaki yeyote anayeguna ni wa Sciaenidae?

Hapana. Samaki wa familia ya Haemulidae huguna pia, kwa kusaga meno ya kooni. Na Australia wapo wanaoitwa wapiga ngoma ambao ni wa familia nyingine kabisa, Kyphosidae. Hapa ndipo jina la kisayansi linapokuokoa.

Usimtambue kwa sikio, mtambue kwa jicho. Fuata ule mstari wa ubavuni kutoka kichwani kwenda nyuma: kwa samaki wengi huishia penye mzizi wa mkia, kwa Sciaenidae huendelea hadi ncha ya pezi la mkia. Kisha mgeuze uhesabu miiba ya pezi la chini, lile lililo nyuma ya tundu la haja. Sciaenidae wana mmoja au miwili, Haemulidae wana mitatu. Alama hizo mbili zikikubaliana, nenda ukaandike jina.

Ni kweli wana mawe kichwani?

Kweli. Samaki wenye mifupa wana vijiwe vya sikio vya kuwapa mizani na usikivu, ila vya ukoo huu ni vikubwa kupita kawaida. Aristoteli alilijua hili zaidi ya miaka 2,300 iliyopita: alimtaja *skiaina* kati ya samaki wenye jiwe kichwani, akidhani jiwe hilo huwagandisha wakati wa baridi kali. Kuhusu baridi alikosea, kuhusu jiwe alikuwa sawa.

Vya *Aplodinotus grunniens*, samaki wa maji baridi wa Amerika Kaskazini (*grunniens* ni "anayeguna"), ni vyeupe kama pembe ya ndovu na vina mfereji unaofanana na herufi L. Watu huvikusanya kama mawe ya bahati. Jiwe likikatwa huonyesha pete za miaka kama za mti. Katika maziwa ya Red Lakes, jimbo la Minnesota nchini Marekani, samaki wa aina hii amehesabiwa miaka 72.

Jina la wataalamu lina faida gani kwa sisi tusio wataalamu?

Chukua *Totoaba* niliyemtaja. Anaishi Ghuba ya California tu. Mexico ilipiga marufuku kumvua mwaka 1975, lakini bondo lake lililokaushwa bado huuzwa kwa magendo nchini China kwa bei kubwa mno. Nyavu anazotegewa ndizo zinazomnasa na kumzamisha vaquita, *Phocoena sinus*, jamaa mdogo wa pomboo, ambaye waliobaki duniani hawafiki 20.

Bondo kavu halina kichwa, halina mkia, halina mstari wa ubavuni wala miiba ya kuhesabu. Anayelisafirisha anaweza kuliita bondo la samaki yeyote. Mkataba wa CITES unaodhibiti biashara ya viumbe walio hatarini haukuandika "samaki wa ngoma" kwenye orodha yake ya juu kabisa. Umeandika *Totoaba macdonaldi*, na jina hilo ndilo ofisa wa forodha anaweza kulisimamia mbele ya hakimu.