Jibu: Bibi ananyamaza kamera ikiwashwa

Salamu ndugu. Umesema bibi yako husimulia vizuri mkiwa mnakula, ila kamera ikiwashwa anajibu "sikumbuki", na filamu ya ukoo wenu imekwama. Yalinikuta kwa mama yangu mzazi. Kwanza angalia unakaa wapi: ukijificha nyuma ya kamera, anaongea na mashine. Iache kwenye stendi, kaa ubavuni mwake, mpe picha za zamani azishike. Usiulize "ilikuwaje", uliza huyu ni nani, nani alipiga picha. Mimi siku mbili za kwanza nilirekodi sauti tu. Ndugu mwingine, tuseme shangazi, akisimulia tofauti na bibi, usimsahihishe, tunza simulizi zote mbili. Kwangu tofauti hiyo ndiyo iliyokuja kuwa filamu yenyewe. Na mwambie wazi kwamba akitaka kipande kifutwe, utakifuta.